Deni na karatasi: nani ana haki ya kushika nini?

Maneno tuliyosema mbele ya vijana wa Butembo. Tunayaweka hapa kwa wale ambao hawakufika, na kwa wale walifika lakini mvua juu ya mabati iliwanyima kusikia.

Bandugu na badada, bamama wachuuzi muliofunga meza zenu mapema, wamotari muliosimamisha kazi juu ya kuja hapa, asanteni. Tunajua saa hizi ni saa za kutafuta makuta, kwa hiyo hatutazunguka sana.

Tuanze na kosa letu sisi wenyewe.

Wadada watatu, mmoja wao ameketi hapa na ametupa ruhusa tueleze, walichanga feza zao wakaenda Kampala kununua viatu vya shule na nguo za watoto. Ilikuwa mwezi wa nane. Kila mtu hapa anajua hesabu ya mwezi wa nane: mzigo ukifika kabla ya masomo kufunguliwa, unauza; ukifika nyuma, unakaa nao mpaka mwaka kesho. Mzigo ulipita Mpondwe, ukaingia Kasindi, ukawekwa ku depo. Deklara wao akafanya kazi ya duane. Halafu akasema: karatasi hazitoki. Alishika kwitansi za ushuru, alishika bon ya kutoka, alishika fakture za Kampala. Na juu ya hizo alishika kadi za uchaguzi za wawili kati yao, zile walimpa siku ya kwanza ili apige fotokopi.

Aliandika kwenye kipande cha kayé: "Deni: 1.120 $." Paka hivyo. Bila maelezo, bila tarehe, bila sahihi.

Wadada walikuja kwetu siku ya pili jioni. Sisi tulifanya kama tunavyozoea. Tuliandika tangazo, maneno makali, "mnyonyaji", "mwizi wa jasho la bamama". Tulipanga kwenda kuketi mbele ya biro yake na vibao kesho yake asubuhi. Kulikuwa na shangwe. Halafu mkubwa mmoja ambaye anatusaidia mambo ya sheria akauliza swali moja tu: "Na yeye, munamudai nini? Kwani kweli hana feza yake mule ndani?"

Tukanyamaza. Hakuna kati yetu aliyekuwa ameuliza.

Tukatuma watu wawili kwa yule deklara, bila vibao. Akatoa kartoni. Ndani kulikuwa bordero za benki: alikuwa amelipa ushuru wa mzigo kwa feza yake mwenyewe, dolari 430, juu wadada walikuwa wamemwambia "lipa, tutakurudishia mzigo ukifika". Ni kijana kama sisi. Miaka 29, ana mke na mtoto, biro yake ni meza moja na mashini ya kupiga fotokopi. Wateja wawili mwaka uliopita walimkimbia na deni, mmoja alibadilisha namba ya telefone. Njo maana amejifunza kushika karatasi.

Tangazo letu tulilipasua. Lakini kadi za uchaguzi bado zilikuwa ku droo yake, na ile 1.120 bado ilikuwa haijaelezwa. Kwa hiyo tulikaa chini kusoma sheria, na hiyo njo tunataka kuwashirikisha leo, juu tumegundua kwamba karibu kila mmoja wetu ana karatasi yake fulani iliyoshikwa fasi fulani.

Sheria inasema nini?

Kongo iliingia katika OHADA, na sheria zake za biashara zinatumika kwetu tangu tarehe 12 mwezi wa tisa 2012. Moja ya sheria hizo ni ile ya dhamana za madeni, iliyofanywa upya mwezi wa kumi na mbili 2010. Kifungu cha 67 kinasema, kwa Kiswahili chetu: mtu unayemdai anayeshika kihalali kitu chako kinachohamishika anaweza kukizuia mpaka umlipe yote. Wafaransa wanaita hiyo "droit de rétention". Sisi tuseme haki ya kuzuia.

Kwa hiyo bandugu, haki hiyo iko. Tusidanganyane. Deklara aliyefanya kazi yako na hujamlipa, fundi aliyetengeneza moto yako, komisioneri aliyekupokelea bidhaa, hawa si wezi kwa sababu tu wamesema "lipa kwanza". Mtu anayewaambia vijana kwamba kila kuzuia ni wizi anawapeleka kupigana vita ambayo watashindwa mbele ya juje. Na sisi karibu tuwe mtu huyo.

Lakini kifungu kinachofuata, cha 68, kinaweka masharti, na hapo njo mambo yote yanalala. Deni lazima iwe ya hakika, iwe na hesabu inayojulikana, na siku yake ya kulipwa iwe imefika. Lazima kuwe na uhusiano kati ya deni na kitu kinachoshikwa. Na kitu hicho kisiwe kilikuwa tayari kimekamatwa na mtu mwingine kihalali kabla hakijafika mikononi mwake.

Sharti hilo la mwisho halitusumbui sana huku kwetu. Haya mawili ya kwanza, ndiyo.

Chukua "deni ya hakika". Tulipomwomba yule deklara agawanye ile 1.120, alikubali, tena bila ugomvi. Ushuru aliolipa: 430, na bordero ziko. Kazi yake yeye mwenyewe: 250, na walikuwa wamekubaliana kwa sauti ya WhatsApp, tulisikiliza, ni kweli. Hiyo ni 680. Bakizo ya mzigo wa mwaka uliopita: 200. Na "mambo ya njiani": 240.

Mambo ya njiani ni nini? Akacheka kidogo. Kila mtu hapa anajua kicheko hicho. Ni yule wa barieri, ni yule aliyesimama mbele ya depo na kofia, ni yule anayesema kaka nipatie ya maji. Hakuna resi. Hakuna jina. Hakuna kifungu cha sheria kilichomruhusu kuomba. Na tangu amri ya tarehe 28 mwezi wa tatu 2002, huduma za serikali zilizoruhusiwa kufanya kazi ku mupaka ni nne: duane, ambayo leo ni DGDA, OCC, uhamiaji wa DGM, na huduma ya afya ya mupaka. Nne! Hesabuni wale munaowakuta pale.

Sasa, deni ambayo haina resi, iliyolipwa kwa mtu asiye na haki ya kupokea, hiyo si deni ya hakika. Deklara hawezi kuzuia karatasi yako juu ya hongo aliyotoa, hata kama aliitoa kweli, hata kama mzigo usingepita bila hongo. Tunajua hiyo ni chungu kwake. Yeye pia ni mwenye kuumizwa hapo. Lakini tukikubali kwamba hongo inaweza kuandikwa kwenye fakture na kulindwa na haki ya kuzuia, basi tumeipa hongo sahihi ya sheria. Wale wanaosimama barierini wanategemea hicho: kwamba sisi chini tutabebeshana mzigo na kuchukiana, na hakuna atakayewauliza wao.

Njo tukamwambia: ile 240, andika majina na fasi. Si kwa ajili ya kuwalipisha wadada. Kwa ajili yetu, tuipeleke fasi inayofaa. Hakuandika siku ile. Tunamwelewa.

Tuje ku uhusiano. Sheria inasema uhusiano unahesabiwa kuwa uko kama kitu kiliachwa kwake mpaka alipwe, au kama deni imetoka kwenye mukataba uleule unaomlazimisha kukupa kitu hicho, au kama deni ilizaliwa kwa sababu ya kukishika. Kwa hiyo kwitansi na bon ya mzigo huu, kwa deni ya mzigo huu: sawa, anaweza. Zile 200 za mwaka uliopita, hapo avoka wawili watabishana mpaka jioni. Yeye atasema sisi ni wateja wa kila siku, biashara yetu ni moja. Wadada watasema kila mzigo una hesabu yake. Ni juje anayekata.

Lakini kadi ya uchaguzi? Ina uhusiano gani na viatu vya shule? Iliachwa kwa fotokopi. Haikuachwa rehani. Haikuzaliwa na mukataba wa duane. CENI haikumpa mwenye nayo ili awe anaiweka ku droo ya mtu. Na si bidhaa: huwezi kuiuza, huwezi kuikadiria bei. Na hapa kwetu, bandugu, tunajua uzito wake, juu hakuna kitambulisho kingine ambacho watu wengi wanacho. Tuko chini ya hali ya kuzingirwa tangu tarehe 6 mwezi wa tano 2021. Fikiria dada anayetoka Kasindi usiku kuingia Beni, anafika barieri, askari anamwambia toa kadi, naye anasema iko kwa deklara wangu. Hapo anaanza kuitwa mshukiwa. Deni ya biashara imegeuka kuwa hatari ya maisha. Deklara alipofahamishwa hivyo alishtuka, tunasema kweli, alizirudisha saa ileile. Hakuwa amefikiria. Wengi wanashika kadi kwa mazoea tu, kama mwenye hoteli anavyoshika, kama mwenye ngazi ya intaneti anavyoshika.

Basi kama uko na kadi ya uchaguzi, paspoti, bulteni, diplome ya serikali, cheti cha kuzaliwa ya mtoto, karatasi hizo ni za kukutambulisha wewe. Usizitoe kuwa rehani hata kwa rafiki. Peleka fotokopi.

Kuhusu masomo tupite haraka, juu tumeshasema mara mingi: shule ya musingi ya serikali ni ya bure, Katiba kifungu cha 43. Direkta anayezuia bulteni ya mtoto wa shule hiyo juu ya "prime" hana deni ya kuonyesha hata ya franga moja. Shule za binafsi ni mjadala mwingine, tutaufanya siku yake.

Kuna jambo lingine ambalo watu hawajui, na limewapoteza wengi. Haki ya kuzuia ni haki ya kukaa na kitu. Basi. Si haki ya kukitumia, si haki ya kukiuza, si haki ya kumpa mwingine. Anayezuia analazimika kukitunza kiwe kizima. Kama ni kitu cha kuoza, aende kwa juje aombe ruhusa ya kuuza. Haamki asubuhi akaamua.

Hiyo ina maana gani kwa karatasi? Karatasi yenyewe haina bei, lakini ndiyo funguo. Wale kati yenu wanaoagiza kontenere mpaka Mombasa wanajua BL: anayeshika ile ya orijinali, kama ameshika mzigo wote. Siku za bure zikiisha, kampuni ya meli inahesabu, bandari inahesabu, na mwenye mzigo analipa. Sasa agansi ikizuia BL yako juu hujailipa, huo ni mgogoro wa deni. Lakini ikichukua BL yako, au bon yako, ikatoa mzigo, ikauza, hapo tumetoka kwenye mgogoro wa deni. Kitabu cha pili cha sheria ya makosa, kifungu cha 95, kinamwadhibu anayepoteza au kujifanyia mali na maandishi aliyopewa kwa masharti ya kuyarudisha au kuyatumia kwa kazi fulani. Kifungo ni miezi mitatu mpaka miaka mitano. Na deni unayomdai mwenzako haikupi ruhusa ya kufanya hivyo.

Vilevile upande wa pili, tusisahau. Mteja anayengoja usiku, anamhonga mlinzi wa biro, anachukua karatasi zake bila kulipa, huyo hajajikomboa. Tumesikia vijana wakijisifu. Hapana.

Na hapa tuseme neno juu ya polisi. Mara mingi, deni ikiwa ngumu, watu wanakimbia kwa OPJ. Deklara anapeleka mteja, mteja anapeleka deklara, na mwenye kufika kwanza njo anayeshinda. Mtu analala ku kasho juu ya dolari 200. Kesho yake analipa faini isiyo na jina, na deni yenyewe bado iko. Kongo imejiunga na mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia na za kisiasa tangu 1976, na kifungu chake cha 11 kinasema hakuna mtu wa kufungwa kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mukataba. Kushindwa kulipa deni si kosa la jinai. Polisi haina kazi ya kukusanya madeni. Tunarudia hili juu ni sisi vijana tunaolala humo.

Na kama sheria hairuhusu kumfunga mtu juu ya deni, sembuse kumzuilia ku lopitali. Kifungu cha 67 kinaongea juu ya kitu kinachohamishika. Mama aliyejifungua si kitu kinachohamishika. Mtoto wake si rehani. Tunajua hospitali nazo zinabeba hasara, dawa zinanunuliwa, wauguzi wengi hawalipwi vizuri. Wadai feza yao, waandike hati ya deni, waende kwa juje. Lakini kumfungia mama mlango ili bwana yake aende kutafuta feza, na kila siku ya kukaa inaongezwa kwenye fakture, hiyo hakuna sheria tunayoijua inayoibariki. Hata maiti, mumesikia wenyewe. Tusiingie humo leo, tutalia.

Turudi kwa wadada wetu, juu wengine munauliza iliishaje.

Tuliketi ku benchi mbele ya biro yake, wao watatu, yeye, na sisi wawili. Saa nne nzima. Kwanza tulimwomba aandike hesabu upya, mstari kwa mstari, na kila mstari uwe na resi yake pembeni. Hiyo peke yake ilipunguza joto. Mara mingi ugomvi si juu ya feza, ni juu ya kile kipande cha kayé kisicho na maelezo.

Walikubali ile 680. Hawakuwa nayo yote. Walilipa 480 kwa mkono, wakachukua resi. Kwa ile 200 iliyobaki tulitumia jambo ambalo sheria hiyohiyo inalisema: kama mdaiwa akileta dhamana nyingine ya kweli yenye uzito sawa, mwenye kuzuia anapaswa kuachilia. Walimwachia balo moja ya nguo, ikaandikwa ndani kuna nini, ikafungwa mbele ya wote. Bon ya kutoka ikatoka siku ileile. Zile 200 za mwaka uliopita waliandikiana kulipa kwa miezi miwili, na pale waliandika kwamba hakuna karatasi itakayozuiliwa juu yake. Ile 240 ilifutwa.

Mzigo ulifika Butembo siku 26 baada ya kuingia Kasindi. Masomo yalikuwa yameshaanza. Viatu viliuzwa kwa bei ya hasara, depo ilikula yake, na mmoja kati ya wale watatu hajarudi tena Kampala. Kapitali iliisha. Sasa anauza makala ku soko. Hatukuja hapa kusema tulishinda. Kama tungeenda siku ya kwanza kuuliza hesabu badala ya kuandika tangazo, labda siku sita zingeokolewa, na siku sita za mwisho wa mwezi wa nane ni nyingi.

Mtu ameuliza pale nyuma: na kama deklara anakataa kabisa kuketi? Swali zuri. Kwanza unamwandikia barua. Sema unadai karatasi gani, umelipa nini, unakubali deni gani na unakataa gani. Apokee na sahihi. Akikataa kupokea, itumwe na wisiye. Lipa ile sehemu unayoikubali, usimpe sababu. Baadaye sheria ya OHADA ya kufuata madeni ina njia fupi: unaandika maombi kwa rais wa tribinali, unaomba aamuru urudishiwe kitu chako fulani kinachojulikana. Na deklara naye ana njia yake fupi ya kuomba amri ya kulipwa. Pale tribinali ya biashara imefunguliwa, ni kule; pale haijafunguliwa, ni tribinali kubwa. Inachukua muda, inaomba feza za kulipia karatasi, hatutawaambia ni rahisi. Lakini ile barua peke yake, tumeona, inafungua droo nyingi. Kama anayeshika dosye yako ni avoka, unaandikia batonye wake. Hawapendi kuandikiwa.

Na kabla ya yote hayo, kuna kile ambacho kingetuepushia hii safari. Siku unapotoa karatasi zako, andika orodha. Karatasi gani, ngapi, orijinali ama fotokopi, tarehe, na yeye aweke sahihi kwamba amepokea. Chini yake andikeni bei ya kazi, nani analipa ushuru gani, na nini anaweza kuzuia kama hujalipa. Ukurasa mmoja unatosha. Kitabu cha tatu cha sheria ya kiraia, kifungu cha 33, kinasema mukataba uliofanywa kihalali ni sheria kwa wale waliouweka. Wengi wanaona aibu. "Nitamwandikisha kaka yangu wa kanisa?" Ndiyo, ya shemeji yako pia uandike. Sauti ya WhatsApp ilitusaidia safari hii, lakini telefone inaanguka ku maji.

Kwa upande wa agansi na madeklara, wako vijana wengi mule na baadhi wako hapa usiku huu, tunaomba jambo moja: bandikeni bei zenu ukutani. Bei ya kazi yenu, mbali na ushuru wa serikali. Yule deklara wetu alikubali kuwa wa kwanza, ameshabandika, muende muone. Na ninyi wateja, ukimwambia mtu "lipa nitakurudishia", mrudishie. Kijana aliyekopa kwa mama yake ili atoe mzigo wako naye anahesabu siku.

Juu ya zile feza za njiani, tunakusanya. Hatuombi jina lako. Tunaomba fasi, tarehe, huduma iliyojitaja, na kiasi. Tukiwa na za kutosha tutaziandika kwa wakubwa wa duane na kwa gavana, na nakala tutaiweka hapa wote muione, jibu likija ama lisipokuja.

Siku ya posho saa tatu asubuhi tutakuwa fasi ileile na mfano wa ile barua ya kupokea karatasi, umepigwa kwa Kiswahili na Kifaransa. Avoka mmoja amekubali kukaa nasi mpaka saa sita. Wenye karatasi zilizoshikwa, muje na fotokopi kama munayo, na hesabu ya deni yenu, ile ya kweli. Orijinali ziacheni nyumbani.